Ukurasa Aliounywa Mama

Mama alikuwa na ukali mmoja usioisha: akikuita, uitike "abee." Si "nini," si "unasemaje," wala si kunyamaza ukajifanya hujasikia. "Ukiitwa, itika. Mengine yatafuata," alikuwa akisema. Nimekua hivyo, na hata leo msimamizi wangu akiniita kule hotelini neno hunitoka lenyewe, abee, mbele ya wageni, na wale wa mapokezi hucheka mpaka wakainamia meza.

Kazi yangu ni kufua. Hoteli iko upande wa pwani, kabla hujaingia Bagamoyo mjini, nami nafua mashuka, taulo na vitambaa vya meza. Mikono yangu imekaa katika dawa za kung'arisha miaka mingi, hata ncha za vidole hazina habari tena. Nikishika sufuria ya moto, pua ndiyo inayoniambia kwamba naungua. Nalisema hili mapema kwa sababu watu walinisema sana wakati wa msiba. Sikulia, walisema, nina roho ya jiwe. Hawakukosea kuhusu kulia. Kuhusu roho, sikuwa na nguvu ya kubishana nao. Nilikuwa nimekufa ganzi, na mtu mwenye ganzi hata kujitetea anaona kazi.

Nyumbani kwetu kuna kitabu. Si msahafu, na Mama alichoka kuwaeleza watu hivyo. "Msahafu unakaa rafu ya juu, hiki kinakaa sandukuni. Kila kimoja kinajua mahali pake." Ni kipana kama sinia dogo la kahawa, majalada yake ni ya ngozi ya mbuzi, na tumekiviringisha katika kaniki yenye karafuu ili mende wasikitafune. Ndani hakuna herufi hata moja. Kila ukurasa ni wa mtu mmoja wa nyumba yetu, na katika kila ukurasa mna alama tatu au nne. Bakuli lililofunikwa maana yake ni kuvuma kutoka kifuani, midomo imefungwa. Mkia ni sauti kufunguka na kupanda. Nukta ni kufumba midomo ghafla, kama mtu aliyekumbuka siri. Mstari uliolala ni pumzi tupu. Ukizisoma kwa kufuatana unapata sauti moja ambayo si neno, na sauti hiyo ni ya mtu huyo peke yake. Kilikotoka hakuna anayejua. Wako waliosema kililetwa na bibi harusi kutoka Pangani, na Mama akisikia hivyo alisonya tu.

Sauti ya mtu hutolewa mara tatu. Siku ya saba ya kuzaliwa kwake, siku ya ndoa yake, na siku ya kuoshwa. Mwenyewe haruhusiwi kuisikia. Mtoto anatiwa pamba masikioni, bibi harusi anazibwa masikio kwa viganja, na maiti haina haja ya kuzibwa. Mimi nilizibwa na somo yangu, yule mama aliyenifunda, ambaye naye ametangulia mbele ya haki. Nakumbuka viganja vyake vilinuka liwa, na nikaona mdomo wa Mama ukienda bila sauti, nikacheka. Sababu za kuzibwa zilikuwa nyingi na hazikupatana. Mmoja alisema ukiisikia utapata kiburi, mwingine akasema utakufa mapema. Mama alisema, "Ni adabu," akafunga mjadala.

Jambo jingine la kujua ni rangi. Mtu akiwa hai, alama zake zimeandikwa kwa zafarani iliyokorogwa na marashi, za manjano, zinanukia ukifunua. Akifa, mtunzaji wa kitabu anapita juu yake kwa wino mweusi wa masizi, na hapo ukurasa umefungwa. Kwa hiyo ukikifungua kitabu chetu mwanzo ni weusi mtupu, halafu mwishoni manjano machache. Mtu akiuliza, mko wangapi, jibu ni kufunua tu.

Mtunzaji alikuwa Mama, na mimi nilikuwa mwanafunzi wake. Hakunichagua kwa akili. Mdogo wake, mama yangu mdogo anayekaa Mbegani, hana sikio kabisa. Akiimba kaswida watoto wanageuka kumtazama. Basi nikabaki mimi, niliyeachwa na mume na kurudi nyumbani na godoro langu, nikiwa na asubuhi za kutosha. Tulijifunza baada ya sala ya alfajiri, kabla sijaenda kazini. Kurasa mbili sikuruhusiwa. Wangu mwenyewe ulikuwa umekunjwa na Mama akaushona kwa uzi mweupe, mapindo matatu manne, nisije nikauona kwa bahati mbaya. Na wake yeye ulikuwa ndio wa mwisho: siku akiruhusu ningeusoma mwenyewe, yeye akiwa amezibwa masikio. "Kuna haraka gani?" aliniuliza nilipogusia. "Unataka nife?"

Kiharusi kilimkuta ukumbini akipepeta mchele. Nilipofika kutoka kazini majirani walikuwa wamekwisha kumpeleka hospitali, na mchele ulikuwa bado umemwagika sakafuni, kuku wa jirani wanaushughulikia. Aliporudishwa, upande wa kulia ulikuwa umekufa na mdomo ulikuwa mtupu. Macho yalikuwa yake, yale yale ya ukali. Mkono wa kuandika haukuweza hata kushika kijiko. Mama mdogo akafunga vitu vyake Mbegani akaja kukaa nasi, na tangu siku hiyo nyumba haikukosa maneno, maana alisema kwa ajili yake na kwa ajili ya dada yake.

Mimi nilijua linalotakiwa. Ikiwa Mama atafariki kabla sijaijua sauti yake, ataoshwa kimya, na katika nyumba yetu hakuna aliyewahi kuoshwa kimya. Bibi yangu, aliyeijua, alikuwa kaburini. Kilichobaki ni ukurasa. Ningeweza kufungua sanduku siku yoyote, nikaufunua, nikausoma. Alama nilikuwa nazijua. Kila asubuhi nililipita lile sanduku nikaenda kuchukua ndoo. Kuusoma bila ruhusa yake, naye amelala pale ananitazama, niliona ni sawa na kumpimia sanda mtu anayepumua. Nikawa nasema kesho. Na nilipokuwa nasema kesho sikusikia uchungu wowote, nilisema kama mtu anayesema kesho atanunua sabuni.

Mama mdogo hakuwa mtu wa kesho. Alikwenda kwa mwalimu mmoja Makurunge akarudi na kombe, sahani nyeupe iliyoandikwa aya kwa zafarani. Akaiosha kwa maji safi, akamnywesha dada yake, Mama akayameza taratibu. Hakuna kilichobadilika. Akaenda tena, akaleta jingine. Mama akanywa, akatutazama, akafumba macho.

Siku moja nilirudi kazini mapema. Uani, juu ya ungo, penye jua, kilikuwa kitabu chetu. Kimefunuliwa, kimewekewa jiwe kila upande kisijifunge. Ukurasa uliokuwa juu ulikuwa umelowa, wa manjano mzima, hauna alama hata moja. Pembeni yake ulining'inia uzi mwekundu. Kila ukurasa una uzi uliochomolewa katika kanga aliyobebewa mwenye nao, na ule mwekundu ulikuwa wa Mama.

Mama mdogo alitoka jikoni akijifuta mikono, uso wake unang'aa.

"Shikamoo, mama mdogo."

"Marahaba, mwanangu. Umeona? Tumehangaika Makurunge huku na huku, na dawa iko sandukuni. Zafarani ni zafarani. Nikasema aya zimemtia nguvu, sasa anywe na yake mwenyewe, aliyoandikiwa na mama yetu. Sauti imemtoka, si ndiyo? Basi nimemrudishia. Nimeufuta kwa pamba, tone tone, sijapoteza kitu. Kanywa yote."

"Kanywa yote," nikasema.

"Yote! Hata sahani nimeisuuza."

Nilipaswa kupiga kelele. Nilijua kwamba pale ndipo mtu anapopiga kelele, na nilisubiri nione kama itakuja. Haikuja. Niliusogeza ungo kivulini, jua lisije likaikunja ngozi ya jalada, nikaingia jikoni nikamenya mihogo. Nafua mashuka kwa kazi, naijua zafarani. Ukitaka ikae haikai, ukitaka itoke haitoki, inatapakaa tu. Nilipoutazama baadaye karibu na dirisha, ukurasa ulikuwa na rangi sawasawa kila pembe. Hakukuwa na pa kusoma. Na nani wa kumlaumu? Mtu ametaka dada yake aseme. Angekuwa ameiba ningejua la kumwambia.

Zikapita siku kadhaa. Nikaingia chumbani na uji, nikaweka bakuli juu ya kigoda, na Mama akatoa sauti. Ilianzia chini kifuani, mmmm, nzito. Ikafunguka, ikapanda, aaa. Kisha midomo ikafumba mara mbili, mp, mp. Akanitazama. Akaitoa tena.

Mama mdogo alipiga kigelegele kilichowaleta majirani. "Nimesema! Nimesema mimi! Alama aliyoinywa inatoka!"

Na mimi nikaamini. Nasema wazi, niliamini kwa sababu ilinifaa. Bakuli, mkia, nukta mbili. Ilikuwa na umbo kamili la sauti ya kitabu, haikuwa ukelele wa ugonjwa. Ukurasa umefutika, lakini mwenye ukurasa amekuwa ukurasa. Nilihisi kitu siku ile, nadhani kilikuwa afueni, ingawa kilipita haraka kama mtu aliyekosea mlango.

Tangu hapo hakutoa sauti nyingine. Ilikuwa hiyo tu, nikiingia, nikitoka, nikimgeuza, nikimbadilisha shuka. Mama mdogo aliona wivu kidogo. "Kwangu amekaa kama bubu mchana kutwa," alilalamika. "Wewe ukitia mguu tu, anaanza. Anajua nani mwenye kitabu." Maelezo hayo yalitutosha. Mwalimu anamkaririsha mwanafunzi somo la mwisho, na muda hana, hata wa adabu ya kuziba masikio.

Basi nikawa mwanafunzi. Akitoa yeye, naitoa na mimi, vilevile, nikimwonyesha nimeishika. Alitikisa kichwa. Nikairudia kwa kifua zaidi. Akapiga kitanda kwa mkono wa kushoto, ule mzima, akaitoa tena kwa nguvu, macho yananitumbulia. Nikadhani nukta zangu ni legevu, na Mama siku zote alinigombeza kwa nukta. Nikazikaza. Akageuza uso ukutani. Nikamwambia, "Nimeipata, Mama, usijichoshe," nikaenda kufua.

Kuna siku nilichoka. Nilikuwa nimesimama kutwa kwenye mashine za hotelini, mgongo hauna hali, nakaa tu kitandani kwangu kuvua viatu, sauti ikaja kupitia ukutani. Mmmm, aaa, mp, mp. "Nini tena?" nikajibu. Ikaja tena. "Nimesikia!" Halafu kimya. Kabla ya ugonjwa ningejibu hivyo ningerushiwa ukaya wake wa kichwani.

Alifariki asubuhi, mama mdogo akimkanda miguu, mimi nikichuja chai. Nilizima jiko kwanza ndipo nikaenda. Watu wakajaa, mikeka ikatandikwa, udi ukafukizwa, na mimi nikawa naonyesha watu vyombo viko wapi. Wakanikumbatia mmoja mmoja na kunilowesha mabega. Nilikuwa nawapigapiga mgongoni, nikiwabembeleza wao.

Tulimwosha tukiwa watatu, mwosha, mama mdogo na mimi. Maji ya mkunazi, kisha maji ya kafuri. Mwosha ni mwanamke mwenye mikono mizito na maneno machache. Alipomaliza kumkausha alisogea pembeni, maana anaijua nyumba yetu. "Haya," alisema. "Mwosha huoshwa. Msomeeni wenu."

Nikainama kwenye sikio la Mama. Nilivuma kutoka kifuani, nikafungua, nikapanda, nikafumba mara mbili. Ilitoka safi kuliko ilivyowahi kutoka. Mama mdogo alilia mpaka akashikwa. Mimi nilitazama tone la maji lililobaki kwenye kidevu cha Mama nikalifuta kwa pembe ya kanga. Nilijiambia, basi, hakuoshwa kimya. Nilitegemea baada ya hapo kitu kitafunguka. Nikangoja mpaka jeneza likatoka mlangoni.

Hitima ilipokwisha na mikeka ya watu kurudishwa, niliketi uani na kitabu, kalamu ya mwanzi na wino wa masizi. Kwenye ule ukurasa wa manjano mtupu nikachora kwa uangalifu. Bakuli lililofunikwa. Mkia. Nukta mbili. Hakukuwa na zafarani chini yake ya kufuatisha, niliandika kwa sikio. Nikapuliza mpaka wino ukakauka. Ulipendeza, kusema kweli. Mkono wangu ni mzuri kuliko wa Mama.

"Sasa wako," mama mdogo alisema. Alikuwa ameketi kwenye kigoda, anachambua mchele.

Hilo nalo lilikuwa linanisumbua. Mtunzaji akifa, mtunzaji mpya lazima sauti yake ijulikane na mtu mwingine, la sivyo naye ataoshwa kimya. Zamani ilikuwa rahisi, mtunzaji mkongwe alimfundisha mtu wa tatu, na mwenyewe habari hana. Kanuni hizi zilitungwa na watu waliodhani daima watakuwa wengi. Sasa nilikuwa mimi ninayejua kusoma, na mama mdogo asiye na sikio, na paka.

"Utanisomea mimi, niikariri," alisema. "Hata kama itanichukua miaka."

"Na mimi nizibwe masikio na nani, ikiwa ndiye ninayesoma?"

"Mungu ataziba," akasema, akachukua sindano akaanza kufumua ule uzi mweupe. Alifumua pole pole, ulimi nje, akiogopa kuchana. Pindo la kwanza, la pili. Harufu ya marashi ikatoka, ya miaka yote hiyo, kana kwamba wameimwaga sasa hivi. Akaufungua mkunjo, akaulaza kwa kiganja, akanisogezea.

Nilikuwa nimefumba macho kwa mazoea. Nikayafumbua.

Nilisoma kama nilivyofundishwa, kidole chini ya alama, sauti ndani ya mdomo kwanza. Bakuli lililofunikwa. Kifua changu kikavuma. Mkia. Nikafungua, nikapanda, na kabla kidole hakijafika mwisho midomo yangu ilikuwa imekwisha kufumba mara mbili, maana ilijua.

Nukta mbili.

Nikafunua nyuma, kwenye ukurasa wa Mama. Bakuli, mkia, nukta mbili, nyeusi, wino bado unang'aa. Nikarudi mbele. Bakuli, mkia, nukta mbili, manjano, kwa mkono wa Mama, nukta zake zilizokaa wima kama alivyozipenda.

"Vipi?" mama mdogo aliuliza. "Mende wameula?"

Nilikuwa nahesabu mambo polepole, kama mtu anayeamka mahali pageni. Nilimsomea Mama sauti yangu. Kwa mujibu wa kitabu aliyeoshwa siku ile ni mimi, na sauti yangu imefungwa kwa wino mweusi ambao hautoki kwa dawa yoyote ninayoijua. Yake yeye imekwenda tumboni mwake na udongoni, hakuna atakayeitoa tena. Lakini hayo yalikuja baadaye. La kwanza lilikuwa jepesi zaidi. Majina yote yalikuwa yamemtoka, langu, la mdogo wake, la maji, la Mungu, na katika kichwa kile kilichofagiwa kikabaki kitu kimoja cha kuniitia. Mtu aliyesema ni adabu mwenyewe asisikie, alivunja adabu yake kila siku, na mimi nikamrudishia sauti ile ile kama mtoto anayemwigiza mkubwa, nikamwambia nimeipata, asijichoshe.

Alikuwa ananiita tu. Pengine alitaka maji. Pengine alitaka nikae.

Nikajua kwamba sasa machozi yanakuja, na mama mdogo akaniondolea kitabu mapajani nisije nikakilowesha.

"Abee," nikasema.

Mama mdogo alinitazama, kitabu mkononi.

"Sijakuita, mwanangu," akasema.